Marehemu Aliyekuja Ofisini Kwangu Kulalamika

Nyinyi vijana mnaoniuliza jinsi mwandishi wa skripti anavyogeuka kuwa mwongozaji wa filamu, najua mnangoja nitaje chuo. Sikwenda chuo chochote. Mimi niliua mtu, mtu mwenyewe akaja ofisini kulalamika, ikanibidi nishike kamera ili nimrudishe. Hiyo ndiyo historia yangu ya kazi kwa ufupi, na watu wa rika langu pale Homa Bay watawaambia sijatia chumvi. Labda kidogo, kwenye sehemu ya chifu.

Mwanzoni mwa miaka ya tisini nilikuwa mwalimu wa Kiswahili, nikiwaandikia wanafunzi michezo ya kuigiza ya mashindano. Mradi mmoja wa afya ulifungua ofisi mjini, ukatafuta mtu wa kuandika filamu za kuwaelimisha watu. Walikuwa wamesikia kuna mwalimu anayewaliza waamuzi. Wakanichukua. Skripti yangu ya kwanza ilihusu choo na ilikuwa na kurasa sitini. Katika kurasa tatu kati ya hizo mhusika mkuu alikuwa akimhutubia nzi.

Mwongozaji wa mradi alitoka Nairobi. Tulimwita Bwana Fremu, kwa sababu kila kitu alikitazama kupitia vidole vyake vinne alivyovipanga kama dirisha, hata sahani ya chakula kabla hajaanza kula. Alisoma kurasa zangu sitini, akabakisha nne.

"Mwalimu," akaniambia, "nzi hasikii Kiswahili. Nionyeshe nzi akitua kwenye uji, halafu nyamaza."

Nilikasirika siku mbili. Siku ya tatu nikakubali, na sentensi hiyo imenilisha mpaka nilipostaafu. Mambo mengine aliyonifundisha yachukueni bure. Ukirekodi karibu na nyumba, mfunike jogoo kwa kikapu, la sivyo atawika katikati ya maneno matamu, na ukirudia ili awike tena, atakutazama tu. Andika nguo alizovaa kila mwigizaji, maana kesho yake mmoja atakuja na shati jipya na kukuambia la jana watu walishaliona. Jenereta iweke mbali, upande ule upepo unakoelekea. Na usimlipe mwigizaji chakula cha mchana asubuhi.

Lakini kosa langu kubwa sikufundishwa na mtu. Nililibuni mwenyewe, na nililiona akili nyingi.

Waigizaji wetu walikuwa watu wa sokoni. Ukimpa muuza samaki jina la kubuni, tuseme Bwana Tumaini, mwenzake anapomwita mbele ya kamera, yeye hugeuka kumtafuta huyo Tumaini. Tuliharibu kanda nyingi kwa namna hiyo. Basi nikaamua kila mtu atumie jina lake, kijiji chake, na ikiwezekana mume wake au mke wake. Ghafla watu wakaanza kuigiza vizuri kupita kiasi. Bwana Fremu alinipongeza mbele ya ofisi nzima, nami nikajivuna wiki mbili.

Ndipo tukatengeneza filamu ya mjane anayekataa kurithiwa na ndugu wa marehemu mumewe. Mnajua ule ulikuwa wakati gani. Ugonjwa ulikuwa unamaliza nyumba za watu, na kila mtu alizungumzia jambo lingine lolote isipokuwa hilo. Mume anayekufa aliigizwa na Owiti, mfanyabiashara wa omena, wale dagaa wa ziwani, kutoka Mbita, mtu mnene, mcheshi, mwenye sauti ya kusikika ng'ambo ya ziwa. Mjane aliigizwa na mke wake, Adhiambo. Nilikuwa nimempa sehemu hiyo mwanamke mwingine, lakini Adhiambo alikuja mazoezini akiwa amefunga leso kiunoni.

"Hakuna mwanamke ingine atalilia bwana yangu na mimi niko," akasema. "Kama ni kulia, nitalia mwenyewe."

Siku ya mazishi, Owiti alikataa kuingia kwenye jeneza. Kulala kitandani kama mgonjwa alikubali. Ndani ya sanduku, alisema, ataingia mara moja tu na si kwa ajili ya mradi. Tukafunga jeneza tupu. Kaburi tulichimba kando ya boma la mzee mmoja aliyetuazima mahali. Bwana Fremu aliposema tufukie, yule mzee akainuka.

"Mnafukia nini?"

"Hakuna kitu, mzee," nikamjibu. "Ni mchezo tu."

"Mchezo ni yenu. Shamba ni yangu. Kaburi haifungwi tupu hapa."

Akatueleza jambo ambalo mimi, mtoto wa Kijaluo, nilipaswa kulikumbuka. Mtu akipotelea ziwani na mwili usipatikane, watu huzika tunda la yago mahali pake, lile tunda refu na zito linaloning'inia mtini. Kaburi limefunguliwa, kwa hiyo lazima lipokee. Mtu akapanda mtini, akachuma yago la urefu wa mkono, likalazwa jenezani na kushushwa. Mchungaji, ambaye alikuwa mchungaji wa kweli anayeigiza mchungaji, alisoma: "Owiti wa Mbita, mume wa Adhiambo." Adhiambo alilia mpaka mshika kamera akalia, picha ikatikisika. Bwana Fremu aliruka juu kwa furaha. Owiti mwenyewe alikuwa nyuma ya kamera akitafuna mahindi ya kuchoma, akitazama mazishi yake, na mwisho akasema kazi ni safi.

Jumlisheni wenyewe. Jina lake, mke wake, mchungaji na yago. Tulikuwa tumemzika mtu kikamilifu, kwa mila na kwa Biblia, na hakuna hata mmoja wetu aliyeshtuka.

Filamu tuliizungusha kwa pikapu ya mradi, televisheni na deki ya video zikiwa zimefungwa kwa magodoro nyuma. Tulionyesha Homa Bay, Ndhiwa na Migori, hadi Kehancha. Kule Kehancha wazee wa Kikuria walitazama mpaka mwisho, kisha mmoja akauliza ng'ombe wa marehemu wameenda wapi. Nikamwambia marehemu hakuwa na ng'ombe. Wakatazamana, wakasema hilo ndilo la kusikitisha zaidi katika filamu nzima.

Wiki chache baadaye mlango wa ofisi ulifunguliwa, akaingia Owiti. Alikuwa amekonda.

"Mwalimu," akasema, "umeniua."

Nilicheka. Yeye hakucheka, nami nikaacha.

Akanieleza. Alikuwa amepeleka magunia ya omena soko la Ndhiwa kama kawaida. Wanawake walimwona, wakapiga nduru, wakakimbia na kuacha mizani. Mmoja jasiri alirudi, akasimama mbali, akamwambia, "Pole sana kwa kifo yako, Owiti." Omena hakununua.

Aliporudi Mbita akamkuta binamu yake Ochola kwenye baraza ya nyumba yake, na godoro na redio. Ochola alikuwa ametoka Migori kuja kumrithi Adhiambo.

"Nikamuuliza, Ochola, si unaniona?" Owiti akanisimulia. "Akaniambia, 'Nakuona, jaduong', mzee wangu, lakini pia nilikuona ukizikwa. Na ile ilikuwa kwa televisheni.' Nikamwambia toka kwangu. Akasema haina ubaya, atangojea hapo hapo kwa baraza mpaka mambo ikae sawa. Mwalimu, huu ni siku ya nne. Anakula kwangu! Anauliza kama omena imeisha!"

Alikuwa amekwenda pia kwa chifu kuomba barua ya kuthibitisha yuko hai. Chifu alimkaribisha chai, akampa pole, akapekua kabati. Fomu ya kifo ilikuwepo. Ya uhai haikuwepo. Chifu akamshauri arudi na jamaa wa karibu wa marehemu.

Mpaka hapo ningeendelea kucheka kisirisiri. Kilichonikata kicheko ni habari ya mama mkwe.

Mama yake Adhiambo, Min Adhiambo, aliuza mtama soko la Ndhiwa, na neno lake ndilo lililosikilizwa na wanawake wote pale. Sasa eleweni heshima yetu. Mkwe wa kiume na mama mkwe hawatazamani usoni, wala hawali pamoja, wala hawakai karibu. Owiti na Min Adhiambo walikuwa wameuza katika soko moja miaka tisa bila kuonana uso kwa uso. Mama akipita, Owiti aliinama nyuma ya magunia. Owiti akipita, mama alivuta leso na kugeuza kigoda chake. Walipendana sana. Mama alimtumia mtama, naye Owiti akamtumia samaki, na kila mmoja aliijua sauti ya mwenzake tu.

Min Adhiambo aliitazama filamu yetu Ndhiwa. Alilia, akanyoa nywele, akaacha kwenda sokoni. Na aliposikia Ochola ameshafika na godoro, alituma ujumbe: Jumamosi ndugu zake Adhiambo wangekuja Mbita kumchukua yeye na watoto, kwa sababu binti yake harithiwi na mtu. Hayo yalikuwa maneno ya filamu yangu, neno kwa neno. Kati ya watu wote walioiona, mmoja tu ndiye aliyefuata mafunzo yake barabara, na alikuwa anavunja ndoa ya mtu aliye hai.

"Si umwambie tu kwamba hujafa?" nikamuuliza.

"Nimetuma watu watatu. Adhiambo mwenyewe ameenda. Unajua mama alisema nini?" Owiti akainamisha kichwa. "Alisema, 'Nilimwangalia mtu huyo kwa uso saa nzima, mbele ya soko yote. Kama ako hai, basi mimi nimefanya aibu ambayo hakuna mama amefanya. Ako kufa.'"

Nilielewa papo hapo. Mama huyu hakuwa mjinga hata kidogo. Alikuwa amepima vitu viwili, kifo cha mkwe na aibu yake mwenyewe, akachagua kile alichoweza kukibeba. Wala Owiti hangeweza kwenda kusimama mbele yake na kusema nitazame. Angekuwa anaiongeza aibu ileile. Niliona haya. Nilikuwa nimeichezea heshima ya watu wawili ili nisisumbuke kubuni majina.

Bwana Fremu alikuwa Nairobi na hakuna aliyejua angerudi lini. Ilikuwa Alhamisi. Nikafungua kabati, nikatoa kamera, kanda moja na betri moja, nikapanda boti na Owiti hadi Mbita. Hivyo ndivyo nilivyopanda cheo.

Kama mwongozaji, dakika kumi na tano zangu za kwanza nilirekodi miguu yangu. Nilidhani nimezima nilipowasha na nimewasha nilipozima. Kwenye kanda mnasikia sauti yangu ikitoa maelekezo mazuri sana huku viatu vyangu vikitembea kwenye majani. Taa nyekundu ikiwaka, kamera inarekodi. Liandikeni hilo mkononi kama mimi nilivyoandika baadaye.

Kisha nikamketisha Owiti kwenye kiti mbele ya nyumba. Ochola alisogeza godoro lake kwa adabu ili asiharibu picha. Mpango wangu ulikuwa rahisi: Owiti atatazama lenzi moja kwa moja na kusema, "Mama, mimi ni Owiti, niko hai." Picha kama hiyo, Bwana Fremu alinifundisha, hakuna anayeweza kuikataa, kwa sababu mtu anakutazama machoni.

Nikasema anza. Owiti akatazama chini.

"Owiti, tazama hapa. Kwenye kioo."

"Huko ndani ni nani ataniangalia?"

"Mama mkwe wako."

"Basi unataka nimwangalie?"

"Ni kamera, Owiti!"

"Na hiyo ingine haikuwa kamera?"

Nilibembeleza, nikafoka, mwishowe nikapiga magoti. Nilimwambia aitazame kofia yangu, akaitazama kofia, lakini kila alipofikia neno "mama" shingo iligeuka yenyewe kama imevutwa na kamba. Mara akafunika uso kwa mkono. Mara akaeleza yote vizuri kabisa, kwa adabu na machozi, akiwa amenipa mgongo. Adhiambo alisimama kando akinitazama kana kwamba mimi ndiye ambaye sikulelewa.

"Mwalimu, wacha tu," akaniambia. "Hawezi. Na mimi sitaki aweze."

Kanda ilikuwa inaelekea kuisha. Nilichokuwa nacho ni kisogo, sikio moja, na sauti ya mtu anayeyaambia magugu ya ua kwamba yuko hai. Kwa kipimo chochote cha kazi ilikuwa filamu mbovu kuliko zote nilizowahi kuona, ikiwemo ile ya choo. Niliweka kamera juu ya debe, nikakaa chini, nikalia kidogo. Adhiambo akaleta ugali na samaki wa ngege wa kukaanga, kwa sababu kwetu mgeni hulia akiwa ameshiba. Tulikula wote, na Ochola naye. Kumbe sikuwa nimezima.

Jumamosi asubuhi tulikuwa Ndhiwa na pikapu ya mradi. Mwenye banda la video la sokoni alituondolea filamu yake ya mateke, tukaziba madirisha kwa magunia. Wanawake wa soko walijaa. Wajomba na kaka zake Adhiambo walisimama mlangoni na kofia zao za safari, tayari kwenda Mbita. Min Adhiambo, aliyebembelezwa na wenzake wa sokoni, alikuja mwishoni, kichwa kimenyolewa, akabeba kigoda chake mwenyewe, akakiweka mbele kabisa, hatua mbili kutoka televisheni. Akaketi akiwa wima. Owiti alikuwa nje, nyuma ya pikapu, ameinama.

Sikuwa na mashine ya kuhariri, kwa hiyo waliiona kanda nzima jinsi ilivyo. Miguu yangu ilitembea dakika kumi na tano. Hakuna aliyecheka, walidhani ni utangulizi. Kisha akatokea mtu kitini. Banda likashusha pumzi.

Min Adhiambo alikaza macho. Kwenye televisheni nikasikika nikifoka, "Tazama hapa!" Na mtu yule akageuza shingo. Nikafoka tena, akafunika uso. Nikambembeleza, akageuka kabisa na kubaki kisogo, na kile kisogo kikasema, "Mama, nisamehe. Hawa watu wa kamera hawana tabia. Mimi ni Owiti. Niko. Mtama ile ya mwisho ilifika, ilikuwa mzuri sana."

Nilikuwa nimesimama kando ya deki, nikiona aibu kwa kila picha. Sikuwa natazama televisheni tena. Nilimtazama yeye.

Min Adhiambo alivuta leso taratibu hadi ikafunika upande wa uso wake. Akainuka. Akashika kigoda, akakigeuza, akaketi tena, mgongo kwa televisheni, uso kwetu sisi wote.

Halafu mwanamke mmoja nyuma akapiga kigelegele, mwingine akapokea, na banda zima likalipuka. Wale kaka pale mlangoni walivua kofia. Mtu alitoka mbio kwenda nyuma ya pikapu. Min Adhiambo hakutikisika. Machozi yalimtiririka mashavuni, na alikaa hivyo, akiheshimu televisheni, mpaka kanda ikafika kwenye ule ugali.

Sasa Owiti alikuwa amegeukia kamera bila kujua, mdomo umejaa, akimcheka Ochola aliyekuwa akiomba kwa sauti aongezewe samaki. Soko zima lilimwona uso mzima isipokuwa mtu mmoja. Akacheka, akapaliwa, akakohoa kile kikohozi chake cha kusikika ng'ambo ya ziwa.

Min Adhiambo, bila kugeuka, akainua kidole.

"Mwambieni akule pole pole," akasema. "Hiyo samaki iko na miiba."